Kama Johnson alijua vita ya Vietnam haishindiki, juu ya nini aliendelea kutuma askari?

Kadutu_Premier

Jambo wandugu, wazee na bamama ba hapa. Wiki inayokuja niko na ekspoze ya istwari mbele ya promosyo yetu hapa Bukavu, suje ni uongozi na diplomasia ya Amerika mu vita ya Vietnam, na kuko kitu kimoja kinanisumbua kabisa. Prezida Johnson alikuwa anarekodi simu zake mu biro, zile kaseti nyuma zilifunguliwa, leo mutu yeyote anaweza kuzisikiliza. Tarehe 27 Mei 1964 anaongea na Bundy, mushauri wake wa usalama, anamuambia kama haoni ile vita inastahili kupiganwa, na tena haoni namna ya kutoka ndani. Siku ile ile anaongea na seneta Richard Russell, rafiki yake wa siku mingi na mukubwa wa komisyo ya jeshi mu Senati, naye anamuambia ni matata matupu. Bon. Mwaka haujaisha, Machi 1965, marines banashuka Da Nang, na mwisho wa 1968 askari ba Amerika kule bamepita 530,000.

Swali yangu njo hii: mutu anasema kwa kinywa chake mwenyewe kama kitu hakina faida, kisha anatuma watoto ya watu nusu milioni kuenda kukifia. Ni woga, ni kiburi, ao ni washauri ndio walimudanganya? Profesa anasema ni kupinga ukomunisti, basi, imeisha. Ile jibu hainitoshi. Aksanti mbele.

Mwalimu_wa_Bagira

Kijana, swali zuri, ila umelianza 1964, rudi nyuma hadi 1949. Mwaka ule China ilienda kwa Mao, na kule Washington watu wakaanza kuulizana nani ameipoteza China, kana kwamba ilikuwa mfukoni mwa mtu. Truman na chama chake cha Demokrati walipigwa na swali hilo miaka na miaka, seneta McCarthy, mwindaji wa wakomunisti, akapandia juu yake, wataalamu wa China katika wizara ya mambo ya nje wakaandamwa na kuondolewa kazini. Johnson aliingia Senati Januari 1949, aliyaona yote kwa macho, akatoka mle na funzo moja tu, kwamba prezida wa Demokrati akiachia nchi ya Asia kwa wakomunisti amekwisha. Na tazama ubaya wake, wale walioondolewa ndio wangeweza kumwambia kwamba Vietnam na China zimeogopana tangu zamani za wafalme, Hanoi, yaani serikali ya kikomunisti ya Vietnam Kaskazini, haikuwa mtoto wa Beijing.

Sasa nenda Julai 1965, ningekuwa wewe ndipo ningekaa muda mrefu. Washauri wanaingia na kutoka siku kadhaa, McNamara, waziri wa ulinzi, amerudi kutoka Saigon, mji mkuu wa Vietnam Kusini, anataka askari zaidi. Mmoja anakataa, George Ball, namba mbili wa wizara ya mambo ya nje, yuleyule aliyeshughulika na mambo ya Katanga wakati wa Tshombe. Huyu 1961 alishamwambia Kennedy wakianza tu, ndani ya miaka 5 watakuwa na watu 300,000 kwenye mashamba ya mpunga, Kennedy akamjibu ana wazimu. Mwisho wa 1966 walikuwa wameipita hiyo hesabu. Basi tarehe 21 Julai Ball anamwambia Johnson vita hii hatutaishinda. Johnson hakumfukuza, alimsikiliza vizuri tu, akamuuliza tukitoka si dunia itatuona neno letu halina uzito? Ball akajibu kitakachotuvunjia heshima zaidi ni dunia kuona nchi yenye nguvu kuliko zote inashindwa na waasi wachache wa porini.

Tarehe 28 Johnson anatangaza askari watoke 75,000 wafike 125,000. Anatangaza mchana, katikati ya mkutano wa waandishi wa habari, si usiku kwenye televisheni pale nchi nzima imekaa inatazama. Haiti askari wa akiba, haombi kodi ya vita. Kwa nini kimya hivyo? Kwa sababu tarehe 30, siku 2 nyuma yake, anasaini sheria ya matibabu ya wazee, ile Medicare, na tarehe 6 Agosti sheria ya kura kwa watu weusi. Aliogopa Kongresi ikisikia gharama za vita itamnyima yale mengine. Kwa hiyo mimi nasema ni woga, lakini si woga wa Ho Chi Minh, kiongozi wa Hanoi, ni woga wa wapinzani wake pale pale nyumbani.

Avoka_Ibanda

Mwalimu nakuheshimu sana lakini unamuonea huyu bwana huruma, karibu nitoe kitambaa. Mi kazi yangu ni tribinali, hatuulize mutu alikuwa anajisikiaje mu roho, tunauliza karatasi inasema nini na nani alisaini.

Karatasi ya kwanza ni Tonkin, ile ghuba ya bahari pembeni ya Vietnam ya Kaskazini. Tarehe 2 Agosti 1964 mitumbwi ya Hanoi yenye torpedo inashambulia meli Maddox, hiyo ni kweli, ila hawakuambia Kongresi kama makomando wa Saigon, mu mupango wenye Amerika iliutengeneza, walikuwa wametoka kupiga visiwa vya Hanoi siku chache mbele. Tarehe 4 wanasema tumeshambuliwa tena. Herrick, mukubwa wa zile meli, siku ile ile anatuma telegramu anasema pengine ni hali ya hewa imechanganya rada na vijana wa sonari wenye hamu kupita kiasi, mungoje tuchunguze kwanza. Hawakungoja! Usiku ule Johnson anaingia ku televisheni na ndege zinaruka kwenda kupiga. Tarehe 7 Kongresi inamupa ruhusa ya kufanya vyenye anataka, Baraza la Wawakilishi 416 kwa 0, Senati 88 kwa 2. Na Oktoba, mu kampeni, anazunguka anaambia watu kama hatatuma vijana wa Amerika kwenda kufanya kazi yenye vijana wa Asia wanapashwa kujifanyia. Mutu mwenye anaogopa tu hapangi mambo namna ile, yule alijua anafanya nini.

Karatasi ya pili njo ninataka uibebe mu ekspoze yako hata kama utaacha mengine yote. Machi 1965, John McNaughton, mutu wa McNamara kule Pentagone, anamuandikia mukubwa wake sababu ya vita kwa asilimia, kabisa kama mutu wa kontabilite. Asilimia 70 ni kuepuka haya ya kushindwa, heshima yetu ya mudhamini isiharibike. Asilimia 20 ni inchi isiingie mu mikono ya China. Asilimia 10 ni wananchi wa Vietnam ya Kusini wapate maisha mazuri na uhuru. Kumi! Na mbele ya televisheni ilikuwa ile kumi tu njo inasemwa kila siku. Karatasi hizo McNamara mwenyewe aliamuru zikusanywe 1967, Daniel Ellsberg, mumoja wa wenye walizitayarisha, akazitoa inje 1971, prezida Nixon akaenda tribinali kuzuia magazeti, Mahakama Kuu ikamukatalia 6 kwa 3.

Sasa Kadutu, uko unauliza kama washauri walimudanganya. Walidanganyana wote, na wote pamoja wakadanganya mwananchi.

Mutu_wa_Panzi

Lakini bana Vietnam bo hamubaoni? Munaongea kama vile ile vita ilikuwa ya Washington peke yake, Hanoi kulikuwa tu miti na mvua 😂

Kule nako kulikuwa chef na alichagua. Na hakuwa Ho Chi Minh vile watu wanafikiriaka, Ho alikuwa ameshazeeka, picha yake iko ku ukuta lakini mwenye kushika chama tangu 1960 ni Le Duan. Mwisho wa 1963, Diem, prezida wa Vietnam ya Kusini, ameshauawa, Saigon majenerali wanapinduana, Le Duan na watu wake wanaamua kusukuma vita ya kusini kwa nguvu yote, bashinde mbele Bamerika hawajafika wengi. Kulikuwa wenzake mu chama wenye walisema polepole, walinyamazishwa. Ile hesabu ilikosa, Bamerika bakakuja. Kisha shambulio la Tet, sikukuu yao ya mwaka mupya, Januari 1968, anafikiri miji yote ya kusini itasimama na kuasi, haikuasi, wapiganaji wake walikufa wengi sana. Alipoteza mu barabara akashinda ku televisheni ya Amerika, juu Westmoreland, jenerali mukubwa wa Amerika kule, alikuwa ametoka kuambia watu mwisho unaonekana.

Ila pa diplomasia nabapa pointi bana Hanoi. Geneva 1954, bametoka kupiga Bafaransa Dien Bien Phu, Warusi na Bachina ndio walibasukuma bakubali inchi ikatwe ku digri 17, uchaguzi ufanyike 1956. Uchaguzi haukufanyika, Diem alikataa na Amerika ikamusimamia. Tangu pale Hanoi hawakuamini tena meza yenye wakubwa wanakaa kugawa inchi ya wengine. Na Urusi na China walipoanza kugombana, Hanoi ikachukua roketi za huyu na muchele wa huyu, hata mumoja hakumupa amri.

Muzee_Nyawera

Watoto wangu, nimesoma yote, muko munaongea vizuri. Miye nitaleta kitu kimoja tu yenye inagusa hapa hapa Bukavu, juu naona munasahau kama ile vita ya mbali ilifika mupaka huku.

Mwaka 1967 nilikuwa mutoto wa primere. Julai ile bamerseneri waliasi, Kisangani, Kindu na huku kwetu, kisha Agosti Schramme, chef wa bamerseneri, akaingia Bukavu na bazungu wake na bajandarme ba Katanga, wakakamata muji mupaka mwanzo wa Novemba ndipo wakavuka Ruzizi kwenda Cyangugu. Sisi tulikuwa tumekimbilia Kabare, tulirudi tukakuta nyumba ziko wazi na hata milango imebebwa. Sasa mu ile Julai Mobutu aliomba musaada ku Johnson. Johnson akatuma ndege 3 tu, C-130, za kubeba askari wa serkali na vifaa, pamoja na watu kama 150. Ndege tatu za mizigo! Lakini kule Senati ilikuwa kelele: ule Russell wa simu yenye Kadutu anasema, na Fulbright wa komisyo ya mambo ya inje, wote wakapiga juu wakasema hivi ndivyo Vietnam ilianza, kidogo kidogo, leo ndege kesho jeshi. Ma ndege yalirudishwa moja moja, mwisho wa mwaka yote yameondoka.

Ninawauliza, Fulbright huyu si ndiye mwenye alisimamia ile ruhusa ya Tonkin ipite mu Senati 1964? Ni yeye mwenyewe kabisa. Alipoona amechezewa, 1966 akafungua vikao vya kuhoji vita mbele ya televisheni, ministri wa mambo ya inje Dean Rusk akakaa pale akaulizwa kama mwanafunzi. Kwa hiyo Kongo tulipata ndege 3 na makelele juu ya uongo wenye ulisemwa kwa ajili ya inchi ingine. Mutu akiumwa na nyoka, hata akiona kamba anaruka, na siku ile kamba ilikuwa siye.

Mambo ya leo ya hapa kwetu tuyaache, kila mutu anajua juu ya nini.

Kadutu_Premier

Muzee aksanti sana sana, ile ya C-130 sikuwahi kusikia ku oditwari hata siku moja. Nitaitia ndani, nikipata pointi nitakuja kukuona na sukari.

Sasa mwisho, upande wa diplomasia. Johnson anatangaza 31 Machi 1968 kama hatagombea tena, mazungumuzo yanaanza Paris Mei 1968. Makubaliano yanasainiwa 27 Januari 1973. Karibu miaka 5 watu wanaongea nini? Hotel ilikuwa tamu ao?

Yaya_wa_Himbi

Niko Goma lakini naingia, juu hii ya Paris njo memwa yangu ilikuwa juu yake.

Mudogo wangu, kwanza jua kuko watu wenye hawakutaka ianze. Oktoba 1968 Johnson yuko karibu kusimamisha mabomu ili mazungumuzo ya kweli yaanze, uchaguzi ni 5 Novemba, Nixon anaogopa amani ikifika atapoteza. Kuko mama moja, Anna Chennault, anakusanyia Nixon pesa za kampeni, anapeleka habari ku balozi wa Saigon kule Washington kama wangoje, na Nixon watapata bei muzuri. Prezida Thieu wa Saigon tarehe 2 Novemba anatangaza haendi Paris. Johnson alijua yote, FBI ilikuwa inasikiliza, ku simu na kiongozi wa Republikani mu Senati alitumia neno usaliti, lakini hakusema inje. Angesema angepashwa kueleza juu ya nini alikuwa anasikiliza simu za mwenzake.

Kisha meza. Hii si mzaha, wiki nyingi ziliishia ku umbo la meza. Hanoi wanataka kila upande uonekane peke yake, na FLN, waasi ba kusini wenye walipigana na Saigon, iwe na nafasi yake, Saigon wanasema hao si watu wa kukaa nao, ni pande mbili tu. Katikati ya Januari 1969 ndipo wakapatana: meza moja ya mviringo yenye haina alama yoyote ya kuonyesha nani ni nani, na meza mbili ndogo za makarani pembeni, moja huku moja kule, zimeachana na ile kubwa kwa nafasi ya sentimita 45 hivi. Wakati wanapima ile nafasi askari walikuwa wanakufa kila siku, hata hivyo mi siwachekaki, mwenye kukubali umbo la meza amekubali nani ana haki ya kuongea.

Ila kazi ya kweli haikufanyika pale avenue Kléber mbele ya wapiga picha. Ilifanyika mu nyumba ndogo Choisy-le-Roi na kwingine pembeni ya Paris, Kissinger, mushauri wa usalama wa Nixon, na Le Duc Tho, mutu wa Hanoi, kwa siri, tangu Februari 1970. Hata ministri wa mambo ya inje wa Nixon hakuwa ndani. Na mwenye inchi? Thieu alikuwa anaambiwa nyuma, nusu nusu. Oktoba 1972 Kissinger anafika Saigon na makubaliano tayari, karatasi iko mu Kiingereza, Thieu anauliza ya Kivietnam iko wapi. Anasoma anakuta askari wa Hanoi wenye wako kusini, karibu 150,000, wanabaki pale pale walipo. Alilia na akaomba mabadiliko 69. Nixon akapiga Hanoi na Haiphong kwa B-52 tangu 18 mupaka 29 Desemba, kisha Januari wakasaini kitu chenye karibu hakikutofautiana na kile cha Oktoba. Thieu alipewa barua ya siri, Nixon anamuahidi Hanoi wakivunja atarudi kwa nguvu yote. Agosti 1973 Kongresi inakata pesa za mabomu, Agosti 1974 Nixon anajiuzulu juu ya kashfa ya Watergate, Aprili 1975 Thieu anajiuzulu akiwatukana Bamerika ku televisheni, siku 9 nyuma vifaru viko ku palais ya Saigon.

Na kaseti ziko hata za Nixon. Agosti 1972 anaambia Kissinger kusini pengine haitaweza kuishi hata hivyo, Kissinger anamujibu tunahitaji namna ya kuishikilia mwaka moja ao miwili. Yani Kadutu, swali lako la Johnson liulize na kwa Nixon. Kati ya Bamerika zaidi ya 58,000 wenye walikufa, zaidi ya 20,000 walikufa Nixon akiwa ameshaingia, na alikuja na ahadi ya kumaliza.

Mutu_wa_Panzi

Na kwa hiyo wakapewa Nobel 🤦🏾

Yaya_wa_Himbi

Wawili, 1973. Le Duc Tho aliikataa, akasema amani yenyewe haijafika. Kissinger aliichukua ila hakwenda Oslo.

Mwalimu_wa_Bagira

Avoka, nimekusikia, lakini ile asilimia 70 yako inanipa haki mimi. Kuepuka haya ya kushindwa, haya mbele ya nani? Wapiga kura. McNamara alipoanza kuandika 1967 kwamba mabomu hayasaidii, Johnson alimpeleka Benki ya Dunia, na yeye akakaa kimya hadharani mpaka 1995 ndipo akasema walikosea, vibaya sana. Miaka 27 kimya! Ball naye alijiuzulu 1966 kwa adabu, bila kufunga mlango kwa nguvu. Hakuna aliyetaka kuwa yule wa kusema tumeshindwa.

Avoka_Ibanda

Hapo tuko pamoja, ila wewe unaita woga mi naita hesabu. Na upande wa Vietnam, serkali yao ilihesabu 1995 waliokufa karibu milioni 3, raia ndio wengi. Weka ile namba pembeni ya ile asilimia 10, mu slaidi moja, usiongeze neno.

Kadutu_Premier

Sawa, plan imeanza kuonekana: 1949, Tonkin, Julai 1965, McNaughton, Le Duan, meza, Thieu, na C-130 za muzee. Niko na dakika 20 tu lakini tutaona. Profesa anapendaka kuuliza swali ya mutego, munaona ataniuliza nini?

Mwalimu_wa_Bagira

Atakuuliza kama kuna mtu aliyewaonya kutoka nje. Mjibu de Gaulle, prezida wa Ufaransa. Ball alitumwa kwake Paris Juni 1964, de Gaulle akamwambia hawataweza kwa silaha, Ufaransa ilishajaribu. Septemba 1966 akalisema tena hadharani Phnom Penh. Washington wakaona ni Mfaransa mwenye wivu.

Avoka_Ibanda

Ao atakuuliza wale 2 wa Senati wenye walisema hapana ku Tonkin, wale 2 kwa 88, walipata nini. Wayne Morse wa Oregon na Ernest Gruening wa Alaska. Wote wawili walipoteza viti vyao 1968.